Umesitisha bima ya kifo cha ajali, mjane umemwachia nani?

Sifa zote njema anastahiki Allah (s.w.), Mola wa walimwengu wote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), aali zake, masahaba zake na kila anayefuata uongofu mpaka Siku ya Malipo.

Ama baada ya hayo, ndugu msomaji, haya ninayoyaandika yalianzia darasani. Nilikuwa nikiwafundisha vijana wa kidato cha tatu mada ya uchumi katika Uislamu. Tukafika kwenye gharar, yaani mkataba wenye mashaka makubwa kiasi kwamba mhusika hajui atapata nini, wala kama atapata kitu. Nikatoa mfano wa bima za kibiashara. Kijana mmoja akanyoosha mkono: "Ustadh, na walimu wanaokatwa bima kwenye mshahara, wao hukumu yao ipi?" Darasa zima likacheka. Mimi sikucheka, maana slipu ya mshahara yenye makato hayo hayo ilikuwa mfukoni mwangu.

Miaka miwili kabla ya siku hiyo, wakala wa bima alikuja ofisini kwetu wakati wa chai. Alikuwa na fomu na maneno mazuri: unakatwa shilingi 6,000 kwa mwezi, ukifa kwa ajali familia inalipwa shilingi milioni 10. Nilitia saini kabla chai haijapoa. Niliyekuwa nawasomesha watu masharti ya mkataba, sikusoma hata ukurasa mmoja wa mkataba wangu.

Mkataba unasema nini?

Jioni ile niliitafuta hati ya bima kabatini, nikaisoma yote. Bima ya aina hii hailipi kila kifo. Inalipa kifo kilichosababishwa na tukio la ghafla kutoka nje ya mwili: kugongwa na gari, kuanguka, kuzama majini. Aliyeondoka kwa malaria, kisukari au shinikizo la damu hayumo. Tena kifo lazima kitokee ndani ya siku zilizotajwa tangu siku ya ajali.

Sasa tazama. Mtu anaweza kukatwa miaka 20, kisha akafa kitandani kwa homa, watoto wake wasipate senti. Mwingine akakatwa mwezi mmoja, kesho yake akagongwa na basi, warithi wake wakachukua mamilioni. Mmoja ametoa bila kupata, mwingine amepata bila kutoa, na aliyewatofautisha ni bahati tu. Ndiyo maana maulamaa wakaona humo mna gharar, mna sura ya kamari, na fedha zenyewe kwa kawaida huzungushwa katika riba.

Suala hili si geni. Ibn Abidin, mwanachuoni wa Damascus aliyefariki mwaka 1836, alijadili bima ya mizigo ya meli zama zake na akaikataa. Baraza la Fiqh la Rabita, Makka, lilitoa uamuzi dhidi ya bima ya kibiashara mwaka 1978. Kisha Majma' ya Fiqh iliyokutana Jeddah Desemba 1985 ikaamua kuwa bima ya kibiashara yenye ada maalumu ni haramu, na badala yake ni bima ya ushirikiano inayojengwa juu ya kuchangiana. Kwa uadilifu niseme pia kuwa Sheikh Mustafa al-Zarqa wa Syria, mwanachuoni mkubwa, aliiruhusu bima. Lakini rai ya wengi ni hiyo ya kwanza, na ndiyo niliyokuwa nikiifundisha. Sikuwa na njia ya kufundisha hili darasani na kulisaini lile ofisini.

Ajali na ajal

Wapo watakaosema: kukata bima ni kutomtegemea Allah. Hoja hii si sahihi. Mtume (s.a.w.) alimwelekeza bedui amfunge ngamia wake kwanza kisha ategemee, kama alivyopokea Tirmidhi. Na alimzuia Sa'd bin Abi Waqqas (r.a.) asiusie mali yake yote sadaka, akamfahamisha kuwa kuwaacha warithi wakiwa na uwezo ni bora kuliko kuwaacha wakiwanyooshea watu mikono. Hadithi hiyo imo katika Bukhari na Muslim. Kwa hiyo kuwaandalia wanao ni ibada. Kosa limo katika chombo tulichokitumia.

Neno letu "ajali" lenyewe asili yake ni ajal ya Kiarabu, muda uliowekwa. Allah (s.w.) ametufahamisha katika Suratul-Munafiqun, aya ya 11, kuwa nafsi haiahirishwi ajal yake ikifika. Mbele ya wakala wa bima, aliyekufa barabarani na aliyekufa wodini ni watu wawili tofauti. Mbele ya Allah wote wawili muda wao umefika, na yatima wa huyu hana njaa tofauti na yatima wa yule.

Swali la mama watoto

Nilipomwambia mke wangu kuwa nakwenda kuisitisha, hakubisha hukumu. Aliuliza jambo moja tu: "Sawa, Baba watoto. Lakini ukifa mwezi ujao, hao masheikh wanaosema haramu, nani kati yao atanilipia kodi ya nyumba?"

Ndugu zangu, sikuwa na jibu. Mtaani kwetu alifariki fundi mmoja wa umeme. Tulijaa kwenye maziko, tukasoma dua, tukala pilau ya msibani. Siku ya arobaini mjane wake alikuwa ameshahamia kwa kaka yake, na watoto wawili wameacha shule. Sisi wote tuliomzika tulikuwa tunajua kuwa bima ni haramu.

Lingine lilikuja nilipoitazama fomu tena. Mnufaika nilimwandika mke peke yake. Mama yangu mzazi, ambaye ni mzee na ananitegemea, sikumwandika. Katika mirathi, kwa kuwa nina watoto, mama ana 1/6 na mke ana 1/8, kama ilivyo katika Suratun-Nisaa, aya ya 11 na 12. Kwa kalamu ya wakala nilijifanyia mgawanyo wangu mwenyewe bila kujua.

Namna ya kuisitisha

Kwa mwenye bima kama yangu na nia ya kutoka, haya ndiyo niliyoyapitia.

Kwanza, soma kifungu cha kusitisha. Tazama notisi ni siku ngapi. Baadhi ya mikataba inampa mteja siku chache za mwanzo za kujitoa na kurudishiwa ada yake. Pili, andika barua yenye namba ya hati, jina kamili, tarehe unayotaka bima iishe, na saini. Peleka nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa ubaki nayo. Usiridhike na kumpigia wakala simu. Tatu, makato yakipitia kwa mwajiri au benki, wapelekee nao barua, kwani kampuni inaweza kufunga bima huku makato yanaendelea. Kagua slipu ya miezi miwili inayofuata. Nne, dai uthibitisho wa maandishi kuwa bima imekwisha.

Kuhusu fedha, usitarajie makubwa. Bima ya ajali tupu haina akiba ndani yake. Miezi iliyopita imepita. Kama ulilipa ada ya mwaka kwa mkupuo, angalia kama mkataba unarudisha sehemu ya miezi iliyobaki. Kinachorudi katika ulichotoa ni mali yako, kwani Suratul-Baqarah, aya ya 279, imempa anayetubia rasilimali yake bila kudhulumu wala kudhulumiwa. Ukizungushwa, lalamika TIRA, Mamlaka ya Usimamizi wa Bima. Ipo pia ofisi ya msuluhishi wa migogoro ya bima.

Kuna bima usizoweza kuziacha. Ile ya gari kwa ajili ya mtu wa tatu ni lazima kisheria. Hapo maulamaa huhesabu kuwa umelazimishwa, nawe ubaki kwenye kiwango cha chini. Bima iliyofungwa na mkopo haitoki mpaka mkopo uishe, na hapo utazame na mkopo wenyewe una riba au hauna. Aliyeajiriwa ajue pia kuwa tangu mwaka 2015 upo Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi (WCF), unaochangiwa na mwajiri. Akifa kwa ajali ya kazini wategemezi wake wana haki ya kudai. Wajane wengi hawajui.

Zamu yetu

Kusitisha ni nusu ya kazi. Mtume (s.a.w.) aliwasifu Ash'ariyyun ambao chakula kikiwapungukia walikusanya walichonacho kwenye nguo moja wakagawana sawa, akawaita kuwa wao ni katika yeye naye ni katika wao. Na Ja'far bin Abi Talib (r.a.) alipouawa Mu'ta, mwaka wa 8 Hijria, Mtume aliagiza watu waipikie familia yake. Sisi tumegeuza: wafiwa ndio wanaotupikia.

Msingi huo ndio uliozaa takaful. Sudan ilianza mwaka 1979, Malaysia ikatunga sheria yake mwaka 1984, na hapa kwetu TIRA ilitoa mwongozo wa takaful mwaka 2022. Lakini usivutwe na jina tu. Uliza: fedha za wachangiaji zimetengwa na za wenye kampuni? Ziada inakwenda kwa nani? Ipo bodi ya masheikh inayokagua?

Na tusiisubiri kampuni. Baada ya mazungumzo yale na mke wangu nilizungumza na imamu wetu. Zile 6,000 sasa nazitoa msikitini, katika mfuko wenye daftari, wahasibu wawili na wanachama 34. Tunachanga kwa nia ya tabarru', sadaka ya kusaidiana. Akifa mmoja wetu, iwe kwa ajali au kwa homa, familia inalipiwa kodi ya miezi sita na ada za watoto za mwaka. Si milioni 10. Mwaka jana tulimhudumia mjane mmoja tu, na mfuko ulibaki karibu mtupu.

Mke wangu alipoliona daftari aliuliza wanachama ni wangapi. Nikamwambia. Akasema, "Msikiti unajaa mpaka nje siku ya Ijumaa." Hakuongeza neno.

Basi ewe imamu, unapopanda mimbari kuharamisha bima, na ni haki yako, teremka na daftari mkononi. Nawe ndugu msomaji, kabla hujaipeleka barua yako ya kusitisha, muulize jirani yako wa safu ya kwanza kama anajua wanao wanasoma wapi. Akiwa hajui, kazi ianzie hapo.

Tunamuomba Allah (s.w.) atutakasie riziki zetu na awe Mlinzi wa tutakaowaacha nyuma. Wabillahi tawfiq.