Jina la Kusomwa Kutoka Nyuma

Mjukuu wangu, ujumbe wako nimeupata. Umesema kipimo kimeonyesha ni mtoto wa kike, na kwamba wewe na mumeo mmeshaafikiana aitwe Nevaeh. Mimi sikuulizwa, nimearifiwa. Sina neno. Katika ukoo huu nimearifiwa majina mengi hadi mengine nayajua kwa herufi ya kwanza tu. Ila umemalizia kwa kuandika, "Bibi, hakuna mwingine mwenye jina hili!" Hapo ndipo nilipovuta kiti. Sikukatazi. Mtu wa umri wangu akikataza huitikiwa ndiyo, kisha mambo yakaenda vilevile yalivyokuwa yaende. Soma tu, taratibu, ukipata nafasi.

Kwanza ujue limetoka wapi. Ndugu yako nimemtuma atafute, maana yeye na simu hawaachani. Nevaeh ni heaven ya Waingereza, yaani mbinguni, imeandikwa kuanzia mwisho kurudi mwanzo. Huko Marekani, mwaka 1999, watoto wa kike walioandikishwa kwa jina hilo walikuwa wanane nchi nzima. Mwaka 2000 akatokea Sonny Sandoval, mwimbaji wa P.O.D., bendi ya roki ya Kikristo ya San Diego. Walimwonyesha kwenye televisheni ya MTV, katika kile kipindi cha kutembeza watazamaji majumbani mwa watu mashuhuri, akiwa na binti yake mchanga, naye akaeleza jina la mtoto na siri iliyomo. Basi, imetosha. Mwaka 2001 jina likatokea katika orodha ya serikali yao ya majina elfu moja ya wasichana, tena si mkiani, nafasi ya 266. Mwaka 2005 walizaliwa kina Nevaeh 4,457, na mwaka 2010 likafika nafasi ya 25.

Sasa nisikilize vizuri. Sidhani kama akina mama wale walikuwa wakitafuta jina la kila mtu. Mtu anayelisoma neno kutoka nyuma anatafuta la peke yake. Kila mmoja alifunga mlango akabuni kivyake, na walipofungua wakakutana wote uwanjani wamevaa sare. Nawe unafika leo, miaka mingi baadaye, unaniambia hakuna mwingine! Mtaani kwenu pengine hakuna. Lakini upekee wa mtaani ni wa kuazima, unakwisha siku jirani atakapolipenda.

Halafu kuna jambo la tahajia, ambalo lilinichekesha nikiwa peke yangu. Wazazi wengi kule waliandika Neveah, wakapindua zile herufi za katikati, kwa sababu mkono ulizoea njia nyingine. Chukua hilo ulisome kutoka nyuma uone linaleta nini: haeven. Mbingu imeteguka kifundo. Na hao ni watu ambao Kiingereza ndiyo lugha waliyonyonyea. Je, karani wetu wa vizazi, mwenye foleni hadi nje na feni isiyozunguka?

Kugeuza maneno hatukufundishwa na televisheni. Sisi tulipokuwa wadogo tulisema kinyume: unachukua silabi ya mwisho unaitanguliza mbele. Nyumba inakuwa mbanyu, na wakubwa wanabaki wametoa macho. Pepo inakuwa pope, mbingu inakuwa ngumbi. Jambo moja tulilipenda sana: ukimgeuza mama, anabaki mama. Baba ni baba, dada ni dada, kaka ni kaka, na bibi, namshukuru Mungu, ni bibi. Babu peke yake ndiye aliyetoka buba, na tulimcheka hadi akatushikia bakora.

Lakini kinyume kile kilikuwa cha mdomo. Mwenye sikio jepesi alikitegua palepale. Hili lako ni la macho. Ukiita "Niveiya, njoo ule!" hakuna mbingu anayoisikia mtu, si Mswahili, si Mwingereza. Siri imekaa kwenye karatasi, inamngoja mtu mwenye kalamu. Mtoto wetu akizaliwa anaadhiniwa sikioni, na kinachomfikia mwanzo ni sauti. Herufi zitamkuta darasani. Ndiyo maana mimi jina nalipima kwa kuliita kwa nguvu, kutoka jikoni hadi uani. La kwako nimelijaribu. Kuku wamenishangaa.

Usije ukasema bibi anachukia majina ya kubuni. Nchi unayokaa iliungana Aprili 1964, na kabla mwaka haujaisha ikapewa jina lililoshonwa kwa vipande vya Tanganyika na Zanzibar. Leo nani analiona geni? Hata Vanessa, ambao hapo Dar es Salaam hawahesabiki, ni jina la kutungwa. Mwandishi wa Ireland, Jonathan Swift, alichukua mwanzo wa ubini wa rafiki yake Esther Vanhomrigh akaunganisha na Esther mwenyewe, akalitia katika shairi lililochapishwa mwaka 1726. Kila jina lina siku lilipokuwa geni. Ugeni si dosari, ila si sifa pia, na ndipo mnapokosea vijana.

Majina yetu ya zamani hayakuuliza kama mwingine analo. Chausiku alizaliwa usiku, na usiku huzaliwa wengi. Tabu alikuja wakati wa tabu. Siwatu alikuwa fumbo la mzazi aliyeudhiwa, na waliokusudiwa walilisikia kila mtoto alipoitwa. Usukumani Kulwa na Doto wapo kila kijiji kilichopata mapacha. Hakuna aliyeona amepungukiwa kwa kuwa wa jina lake ni wengi. Jina lilisema umekujaje na kina nani walikuwepo. Upekee uliachiwa mwenyewe autafute kwa miguu yake.

Nikupe mfano mmoja. Kijiji cha Fumba, Unguja, karibu mwaka 1880, alizaliwa binti akaitwa Mtumwa. Hebu lipime hilo. Alifinyanga vyungu, akavitembeza kuuza, sauti yake ikimtangulia njiani, hadi mjini wakamwita Siti, na mwaka 1928 akasafiri hadi Bombay kurekodi sahani za santuri kwa Kiswahili. Ndiye Siti binti Saad, ambaye Shaaban Robert alimwandikia wasifu. Hilo la pili hakuna mzazi aliyelichagua kwenye simu.

Wala sisemi maana haina uzito. Mtume, rehema na amani zimshukie, alimkuta binti wa Umar akiitwa kwa jina lenye maana ya mwasi, akambadilisha akamwita Jamila. Kwa hiyo jina baya hubadilishwa. La kwako si baya, kuna mbingu ndani yake, hata kama imegeuziwa mgongo. Nikikuonea haya nisiseme, nitakuwa nakudanganya: kinachonisumbua ni ile sababu yako. Siku mtoto atakapokuuliza kwa nini Nevaeh, na atauliza, ukimwambia "kwa sababu hakuna mwingine", atafungua simu yake awaone maelfu. Mwambie habari yenyewe, ya yule mwimbaji na mwanawe. Mwambie ulimtakia pepo. Mpe na jina la pili la huku nyumbani, la mtu aliyemjua mama yako, ili akifika kwa wakubwa zangu waliobaki awe na pa kushikia mazungumzo.

Na mambo ya kazi ni haya. Mumeo asiende peke yake kuandikisha cheti, maana atakubali chochote atakachoandikiwa. Nenda naye, na jina mmeliandika wenyewe kwenye karatasi kwa herufi kubwa: a itangulie e, h imalizie. Likiandikwa mlisome tena, kabla ya muhuri, kwani baada ya muhuri ni viapo na nauli. Siku ya saba nitakuja, mbuzi nimeshamwona kwa mtu, bei bado tunavutana. Msinipangie chumba cha juu, magoti haya hayapandi ngazi. Na mniwie radhi mapema: mimi nitamwita Neva. Hapo ndipo ulimi wangu unapoishia.