BAALI WA SINEMA NA BAALI WA SHAMBANI

Kijana mwenzangu, wewe uliyeshuka gulioni hapa Tengeru, hebu nikuulize: ukisikia jina BAALI unaona nini? Jitu lenye pembe na macho mekundu, si ndiyo? Umeliona wapi? Kwenye video!

Ndivyo walivyomchora. Katika mchezo wa kompyuta wa Diablo II, nyongeza yake ya 2001, Baali ndiye adui wa mwisho, zimwi la kupigwa mpaka life. Nayo filamu ya The Exorcist ya 1973 ilimchukua Pazuzu, pepo wa kale wa nchi ya Iraki, ikamwingiza ndani ya msichana. Lakini wanawake wa zamani walivaa kichwa cha Pazuzu kama hirizi, ili amfukuze Lamashtu, muuaji wa watoto wachanga. Umeona? Aliyetegemewa na mama mjamzito, leo anauzwa kama mtesaji wa mtoto.

Sasa Baali mwenyewe. Mwaka 1928 mkulima mmoja huko pwani ya Siria akilima shamba aligonga kaburi la kale, na mwaka uliofuata wataalamu wakaanza kuufukua mji wa Ugariti. Humo zilipatikana habari za Baali kwenye vibao vya udongo, na sanamu yake ya jiwe, ambayo iko Paris katika jumba la Louvre. Mkono mmoja ameinua rungu. Mwingine ameshika mkuki, na mkuki huo umechipua kama mmea! Ni mungu wa mvua huyo. Moti akimmeza (ndiyo, ni mauti, jina ni lile lile) nchi hukauka. Akirudi, mvua hurudi.

Mkulima wa Meru ananielewa. Mahindi yamefika magotini, maharage yanataka kutoa maua, mbingu zimekuwa shaba, na watoto wanadai ada. Mtu akikuambia, "Toa hiki kidogo tu, itanyesha," utamkimbia? Israeli ya Ahabu ilinaswa hapo, kwenye shibe. Na Eliya pale Karmeli (1 Wafalme 18) hakuuliza kama Baali anatisha. Aliuliza kama ANAJIBU.

Sinema imetuharibia macho, jamani. Unatoka kwenye kibanda cha video unatetemeka kwa ajili ya zimwi la kuchora, kisha Jumatatu unakwenda kwa mtu akuvutie wateja wa genge lako, na hapo hutetemeki hata kidogo. Huyo hana pembe. Ana kiti cha wageni, na daftari la bei.