Ndume Hatajwi Mezani

Nyumbani kwetu Kimilili hakuna anayemega ugali kabla ya sala. Mmoja wetu anainamisha kichwa, anamshukuru Mungu kwa riziki, anaibariki mikono iliyopika, anawakumbuka wasio na chakula, nasi tunaitikia Amina. Nimelelewa na sala hiyo na sitaki iachwe. Lakini siku hizi ikisemwa juu ya sahani ya nyama, naona ina pengo. Mungu ametajwa, mpishi ametajwa, maskini wametajwa. Ndume ambaye juzi watoto walikuwa wakimkatia majani ya nepia, na ambaye sasa ndiye mchuzi, hakutajwa na mtu. Je, mnyama anatudai shukrani? Na kama anatudai, atashukuriwaje kiumbe asiyesikia tena?

Swali hili sikulipata kanisani. Nililipata Doha, nilikokwenda kufanya kazi za nyumbani kama walivyokwenda wanawake wengi wa Bungoma na Trans Nzoia kutafuta karo ya watoto. Jikoni nilikuwa na mwenzangu Mfilipino, mkubwa wangu kwa umri, ambaye wenziwe walimwita Ate, kama wanavyomwita dada mkubwa kwao. Nami nikamwita hivyo hivyo. Siku za mapumziko alitupikia vyakula vya kwao, na alichokiheshimu kuliko vyote kilikuwa ulimi wa ng'ombe uliopikwa taratibu kwa nyanya, siki na sosi ya soya. Wenyewe wanauita lengua estofado. Jina ni la Kihispania, maana Wahispania walivitawala visiwa vyao tangu 1565 hadi 1898. Sosi ya soya waliipata kwa Wachina. Ni chakula cha harusi, cha Krismasi, cha sikukuu ya mtakatifu wa kijiji.

Ate alikuwa Mkatoliki. Nilimwona akifanya ishara ya msalaba mara mbili: mara ya kwanza alipouweka ulimi juu ya ubao wa kukatia, mara ya pili tulipoketi kula. Nikamuuliza, "Ate, mbona mara mbili?" Akasema, "Ya kwanza ni ya huyu. Ya pili ni yetu." Akaendelea kumenya vitunguu. Sikuwa nimewahi kusikia mtu akimwita "huyu" ng'ombe aliyekwisha kufa.

Kwetu nafasi ya kuupika ulimi ilikuja Agosti 2024, mwaka wa tohara. Mtoto wa dada yangu alikuwa anaingia jandoni, na kwa desturi yetu Wabukusu kijana huenda kwa mjomba wake, akachinjiwa, akavishwa luliki shingoni, ule ukanda wa nyama unaoonyesha kwamba wajomba wamemkubali. Mjomba mwenyewe ni kaka yangu. Nyama yote ilikuwa na wenyewe: hii ya wazee, ile ya waliochinja, ile ya wanawake waliosindikiza. Nikamwambia, "Kaka, mimi nipe ulimi." Akashtuka. "Dada, umekuja kwa baba yako halafu nikupe ulimi? Watu watasema nini?" Aliona kama anadhalilishwa mbele ya wageni, kwamba dada yake ameondoka na kitu cha kichwani badala ya mguu. Ilibidi shangazi aingilie kati ndipo nikapewa.

Nauelezea ulimi huo kwa kirefu kwa sababu ndio ulionifundisha. Ulimi wa ndume mkubwa unajaza viganja viwili na kuning'inia. Juu una vijimiba vigumu vinavyoelekea kooni. Ukipitisha kidole kutoka nyuma kuja mbele, vinakukwaruza. Ng'ombe hana meno ya mbele upande wa juu, ana ufizi mgumu tu, kwa hiyo hung'wafua majani kwa kuyazungushia ulimi na kuyavuta. Kila tita la nepia lililobebwa na wale watoto lilipitia juu ya vijimiba hivi. Chumvi ya jiwe ililambwa kwa hivi. Huko juu Mlima Elgon kuna mapango, Kitum likiwa maarufu kuliko yote, ambamo tembo huingia gizani na kuzichimba kuta kwa pembe wakitafuta chumvi, na wafugaji wa mlimani nao waliwaingiza ng'ombe wao mapangoni kwa haja hiyo hiyo. Na siku ndume huyu alipozaliwa, ulimi kama huu, wa mama yake, ndio uliomlamba mpaka akakauka na kusimama.

Paja halikwambii lolote kati ya haya. Likishakatwa vipande na kupimwa kwenye mizani ya bucha, ni kilo tu, na mtu anaweza kula maisha yake yote bila kujua kwamba amekula mtu fulani wa zizini. Nasema mtu kwa sababu kwetu ng'ombe wana majina. Ulimi unabaki ulimi hadi mwisho. Ukiushika, wako mwenyewe unajua ulipo kinywani.

Nauosha kwa chumvi na siki, nauchemsha juu ya makaa kwa kitunguu, tangawizi na pilipili manga. Ndume aliyekomaa anataka saa tatu. Kisu kikiingia bila kushindana, nautoa na kuumenya papo hapo ungali wa moto, vidole vikiungua, kwa sababu ukipoa ngozi inashikamana na nyama. Ukimenya kwa wakati wake, ngozi ile nyeupe yenye miba inatoka nzima kama soksi, na chini yake kuna nyama laini ya rangi ya kahawia ya udongo. Naukata vipande vya unene wa kidole, naukaanga kidogo, kisha naurudisha kwenye nyanya zilizoiva vizuri na saumu, siki, sosi ya soya, supu yake mwenyewe na sukari kijiko kimoja. Ate aliweka juu ndizi zao fupi nene za kukaanga. Mimi natumia gonja zilizoiva hadi ganda likaingia weusi. Zeituni za Ate naziacha. Utamu wa ndizi na ukali wa siki vikikutana na nyama ile, hutataka mguu tena.

Katika saa hizo tatu nilipata jibu langu la kwanza. Shukrani kwa mnyama haiwezi kuwa maneno ya kumwambia, kwa kuwa hasikii. Lakini marehemu naye hasikii, na hakuna aliyewahi kutwambia kwamba basi tusimwoshe, tusikeshe, tusimwite omuswala kumuse, mzee msemaji wa msiba, atembee mbele ya umati akinena mpaka jua lipande. Tunafanya kwa sababu jambo lenyewe linastahili kufanywa, asikie asisikie. Vivyo hivyo kumchinja ndume halafu kumtupia mbwa ulimi wake, au kuuchemsha ovyo mpaka ukawa kama mpira, ni kumwambia kwamba sehemu fulani ya uhai wake ilikuwa bure. Kazi ya mikono ndiyo shukrani inayobaki, na inapimwa kwa uangalifu.

Mchungaji wetu, ambaye namheshimu sana, hakukubaliana nami. Aliniambia, "Mama, shukrani ni za Mungu peke yake. Ng'ombe ni zawadi, hatuishukuru zawadi." Akanikumbusha Paulo: Torati imekataza kumfunga ng'ombe kinywa anapopura nafaka, lakini Paulo anapowaandikia Wakorintho anauliza kama kweli Mungu anawajali ng'ombe, na kujibu kwamba neno hilo liliandikwa kwa ajili yetu sisi. Nilikaa na jibu hilo muda mrefu. Mwishowe nikaenda kwa Yona. Kitabu kile hakimalizikii kwa nabii wala kwa mfalme wa Ninawi. Kinamalizikia kwa swali la Mungu mwenyewe, na kitu cha mwisho anachokitaja katika swali hilo ni wanyama wengi wa mji ule. Aliwahesabu katika huruma yake. Amri ya Sabato nayo inampa mnyama pumziko pamoja na mwenye nyumba. Paulo alikuwa akitetea posho ya wahubiri, na alikuwa na haki. Lakini ng'ombe hakuondoka kwenye mstari ule eti kwa sababu amepatikana wa kumtumia kama mfano.

Tena sisi ni Friends, yaani Quakers. Hatubatizi kwa maji wala hatumegi mkate na divai kanisani. Tunafundishwa kwamba mlo wowote unaweza kuwa meza ya Bwana. Kama ni hivyo, basi kilichoko mezani si kitu kidogo, na uhai uliotolewa ili kifike hapo si kitu kidogo.

Wabukusu wa zamani hawakuchinja kimya. Katika tambiko, mzee wa boma alisema na Wele Khakaba, Mungu wetu Wabukusu, na kuwataja waliotangulia mnyama angali amesimama. Wamishonari wa Friends walifika Kaimosi mwaka 1902, na katika miaka ya 1910 wakafika Lugulu kwetu huku. Walituletea shule na hospitali, na sitasema neno la kuwabeza, maana bila wao nisingejua kumsoma huyo Yona. Lakini walikataza matambiko, na nionavyo mimi katazo hilo lilikata zaidi ya walivyokusudia. Sala iliondoka uwanjani ikahamia mezani. Kuchinja kukawa kazi tu, ya kisu na kamba, na neno la Mungu likaja baadaye, nyama ikiwa imeshaiva na damu imeshafukiwa.

Elijah Masinde wa Maeni, hapa hapa Kimilili, aliliona pengo hilo kabla yetu. Alikuwa kijana wa Friends, mchezaji mpira aliyeichezea Kenya, kisha akaachana na kanisa na kuanzisha Dini ya Msambwa, akiwataka watu wamrudie Wele kwa njia za mababu. Serikali ya kikoloni ilimpeleka kizuizini hadi Lamu. Februari 1948 polisi waliwapiga risasi wafuasi wa dini hiyo Malakisi, na mwaka huo huo ikapigwa marufuku. Serikali ya uhuru nayo iliipiga marufuku tena 1968. Mzee alifariki 1987. Mimi si mfuasi wa Msambwa, na yako mengi katika mafundisho yake nisiyoyakubali. Hata hivyo naamini alikuwa sahihi kwamba watu walioacha kusema na Mungu wakati wa kuchinja wamepoteza kitu ambacho sala ya mezani haikirudishi. Muislamu hakukipoteza. Katika machinjio mengi ya Kenya anayeshika kisu ni Muislamu, na hakati bila kulitaja jina la Mungu. Nyama tunayokula sisi Wakristo imeshaombewa na jirani. Sisi tunaikuta tayari.

Sasa lipo pingamizi zito kuliko la mchungaji. Jirani yangu ni Msabato asiyekula nyama. Aliniuliza kwa upole, "Dada, kama kweli unamshukuru, mbona unamuua?" Hilo sitalikwepa kwa kusema kwamba desturi ni desturi.

Nilimjibu tukiwa tunakunywa chai kwake, chai ya maziwa, nzito, kama inavyopikwa huku kwetu. Ng'ombe hatoi maziwa mpaka azae, na ili aendelee kutoa lazima azae tena. Karibu nusu ya ndama watakuwa madume. Shamba la ekari moja na nusu lenye mahindi, maharagwe na kipande cha nepia haliwezi kulisha madume wasiokamuliwa mpaka wafe kwa uzee. Atauzwa, na anayemnunua anajua anamnunulia nini. Kwa hiyo anayetia maziwa katika chai yake amekwisha kuamua habari ya ndume, awe anakula nyama au hali. Jirani yangu alikaa kimya kidogo, akasema atafikiri habari ya maziwa. Ni mwanamke mkweli. Nadhani atafikiri kweli.

Mimi nami sikutoka pale nimeshinda. Hoja ya maziwa inaonyesha kwamba wote tumo ndani ya deni, hailipi deni. Ndume hakukubali chochote. Hakuulizwa. Hata nikimenya ulimi wake kwa uangalifu wote wa Ate, hata nisipotupa kipande, uhai wake haurudi, na shukrani yangu haimfidii. Nafikiri ndiyo maana inaitwa shukrani na haiitwi malipo. Mtu hulipa anapoweza kumaliza.

Tohara nyingine ni Agosti 2026, na kwa kaka yangu kuna kijana mwingine atakayekuja kuvishwa luliki. Nimemwomba mambo mawili. La kwanza, sala ifanywe uwanjani, ndume angali amesimama, watoto waliomlisha wakiwapo, na mwenye kuomba amtaje kwa jina lake la zizini. La pili, ulimi ni wangu. La pili amekubali mara moja. La kwanza amesema lazima awaulize wazee wa ukoo, na pia mchungaji, asije akaambiwa amerudisha matambiko.