Dawa ya Moto

Wahenga walisema dawa ya moto ni moto. Je, dawa ya uongo nayo ni uongo? Swali hili limo ndani ya filamu fupi bubu ya mwaka 1912, A Cure for Pokeritis, ya kampuni ya Vitagraph ya Brooklyn, New York. John Bunny, mnene wa kutikisika, na Flora Finch, mwembamba kama ufito, waliigiza mume na mke katika vichekesho vingi vya zama zile, na hapa pia.

Mume amemwapia mkewe kwamba ameacha kamari ya poka. Hamu inamzidi, kwa msaada wa rafiki anajisingizia uanachama wa chama kinachokutana kila Jumatano, kumbe anarudi mezani. Siri inavuja usingizini: anaweweseka, na mke anaingiwa na shaka. Neno lake la kweli amelitamka akiwa hana habari. Mke hamkabili. Anamtuma binamu yake amfuatilie, kisha wanafunzi wa darasa la Biblia wanavaa sare za polisi na kuvamia mchezo. Badala ya rumande, waume wanaachwa mikononi mwa wake zao wakaripiwe.

Mtazamaji hucheka akiwa upande wa mke, nami naona hakosei. Mume alidanganya ili jambo lifichike. Mke alidanganya ili jambo lifichuke. Tena tupime nguvu za kila mmoja. Katiba ya Marekani haikuwalinda wanawake katika haki ya kupiga kura hadi 1920. Asiye na mamlaka ya kuamrisha huazima sare ya mwenye nayo.

Hata hivyo, ushindi huu una deni. Mume ametishwa na polisi wasiokuwa polisi, na hofu hulinda mfuko wa pesa kuliko inavyolinda ahadi. Kiapo cha kwanza alikivunja kwa hiari yake. Cha pili kitasimama juu ya nini, siku atakapotambua kuwa sare zile ni za kuazima? Jumatano ijayo akiaga kwamba anatoka, mkewe atamwamini kwa lipi? Naye mume, mkewe akimwambia jambo, ataamini? Kamari huenda imepata dawa yake. Imani kati ya wawili hawa bado inauguzwa, na hakuna binamu awezaye kutumwa kuitafuta.