Nani Aliwauliza Waliocheza?

Tarehe 13 Juni 1978, bendi ya panki ya The Cramps kutoka New York ilipiga muziki ndani ya Napa State Hospital, hospitali ya wagonjwa wa akili huko California. Walikuwa pamoja na The Mutants wa San Francisco. Joe Rees na wenzake wa Target Video wakainasa shughuli ile kwa Sony Portapak, kamera ya kubebeka: picha nyeusi na nyeupe, chenga kibao, dakika kama 20 hivi.

Nimeutazama mkanda ule mara nyingi. Wagonjwa wanaruka, wanapanda jukwaani, wanaishika maikrofoni na kupiga kelele. Raha yao haina unafiki. Lakini jamani, nani aliwauliza kama wanataka sura zao zizunguke dunia nzima? Tuseme uongozi uliruhusu. Ruhusa ya mlinzi si ruhusa ya mlindwa.

Wapo watakaonibishia: mbona hapo ndipo walipoonekana kuwa watu? Faili la daktari huwataja kwa ugonjwa; mkanda unawaonyesha wakicheza. Hoja hiyo ina uzito. Tena ukizifunika nyuso zao, unawarudisha kulekule walikofichwa.

Hata hivyo, naona tofauti moja. Wanamuziki na wapiga picha walikuwa palepale, wakitazamana nao macho kwa macho. Wangeweza kusukumwa, kutukanwa au kukumbatiwa. Mimi niliyejinyoosha kwenye kochi sihatarishi kitu. Naangalia, nacheka, nazima, nakwenda kula.

Wahenga walisema aibu ya maiti aijuaye mwosha. Mwosha mwema husitiri. Kamera haiwezi, yenyewe husema yote iliyoyaona. Basi kazi ya kusitiri inatuangukia sisi watazamaji. Sisemi mkanda uchomwe, la hasha! Nasema tuutazame kama wageni tulioalikwa na wenye ngoma, si kama watu waliolipa kiingilio kuona vituko. Kipimo changu ni hiki: je, ningecheka hivi yeye mwenyewe akiwa ameketi kando yangu?

Na sisi tunaoshika kalamu je? Ni mara ngapi tumemchukua yule anayeongea peke yake pale stendi tukamfanya pambo la hadithi? Tumwandike, sawa. Ila tumwandike kwa namna ambayo tunaweza kumsomea, naye akasikiliza mpaka mwisho.