Mtunzi na Mji Wake

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), Aali zake na Sahaba zake. Amma baad.

Ndugu msomaji, kijana atungapo nyimbo za matusi akakemewa, aghlabu husimama mtu kumtetea: "Msimlaumu, haimbi ila ayaonayo. Mtaa ndio uliomlea." Je, hoja hii ni sawa?

Kwa upande mmoja ni sawa. Fundi wa milango hachongi ila mbao aliyo nayo, na mtunzi hatungi ila kwa yaliyomwingia machoni na masikioni. Mtazame Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir, aliyetunga Al-Inkishafi karne mbili hivi zilizopita. Pate, mji uliokuwa na enzi na mali, ulikuwa umeanguka. Majumba ya mawe yaliyong'aa kwa taa na vyombo vya kaure yalibaki magofu, makao ya popo na buibui. Lau jicho lake lisingaliyaona hayo, huenda utenzi ule tusingaliupata.

Lakini zingatia: magofu yale hakuyaona peke yake. Waliyaona wavuvi, wachuuzi na watoto waliopita hapo kila siku. Wengi walipita tu. Yeye aliugeukia moyo wake mwenyewe akauhoji kwa nini unaghurika na dunia. Mji ulimpa mbao. Nakshi ilitoka katika moyo uliolelewa kwa Qur'ani.

Kadhalika Mwana Kupona. Mwaka 1858 alikuwa mgonjwa, na maradhi huwafanya wengi wetu kunung'unika. Yeye alimtungia binti yake, Mwana Hashima, utenzi wa wasia, ambao mabinti wengi wa pwani wamelelewa nao baada yake.

Mwishoni mwa Suratu Shuaraa, Mwenyezi Mungu amewalaumu washairi, kisha akawatoa katika lawama wale walioamini, wakatenda mema na wakamkumbuka Mola wao kwa wingi. Hakuwatoa waliozaliwa mtaa mwema. Basi kijana yule ataulizwa juu ya ulimi wake, wala mtaa hautajibu kwa niaba yake.

Ama sisi wazazi, tusifurahi upesi. Miaka mingi nimesomesha chuoni, na mtoto akifungua kinywa siku ya kwanza tu, najua kwao husemwa nini. Mtaa wa kwanza wa mtoto ni ukumbi wa nyumba yake. Baina ya Magharibi na Isha anasikia nini hapo? Kisomo na hadithi za bibi, au usengenyaji na kelele za televisheni na simu? Asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, na ulimwengu hauchagui maneno.

Kijana ataulizwa alilolitunga. Nasi tutaulizwa mbao tuliyompa.

Wabillahi tawfiq.