Kibuyu cha Boha
Jumatano

Soma 1 Wakorintho 10:25–31.

Huku Usambara, boha, yaani pombe ya miwa, haikuwa kinywaji cha karamu tu. Katika tambiko ilimiminwa kwa ajili ya mizimu ya wazee, kisha ukoo ukanywa pamoja. Kukataa kunywa ni rahisi. Lakini baba mkubwa akikuambia, "Mwanangu, najua hunywi; basi tuletee miwa ya shambani kwako," utamjibuje? Muwa wenyewe hauna hatia. Sokoni Lushoto ungemwuzia yeyote bila kumhoji. Paulo anatofautisha nyama isiyoulizwa na ile iliyotajwa kuwa sadaka. Miwa hii imekwisha kutajwa. Naona tumnyime miwa, ila tusimnyime mikono yetu: tufike mapema, tuchote maji, tupasue kuni, tuketi naye.

Je, ndugu wakikususa baada ya hapo, utaendelea kwenda?